Kiti cha Kibonge

3 Machi

Kaka yangu mpendwa,

Shikamoo. Mimi mzima, ila vidole vimebabuka kwa maji ya moto na sabuni ya hospitali. Mashuka ya huku hayaishi. Ukimaliza rundo moja ukigeuka unakuta jingine limeshakaa linakusubiri. Mama hajambo? Goti lake limepungua uvimbe? Wifi yangu msalimie sana, mwambie krimu yake ya mikono nimeipata, ila naitumia mwenyewe kwanza. Na Kibonge wangu je? Bado anakuita wewe baba, au ameshaelewa kwamba wewe ni mjomba wake tu na sauti yako kubwa?

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Juzi natoka zamu, nikamkuta mume na mke mlangoni mwa wodi ya wazazi, wamembeba kichanga chao, wamezuiwa kuondoka. Nikadhani labda kuna kesi. Kumbe hawana kiti cha mtoto cha kwenye gari. Kaka, nilibaki mdomo wazi. Mzazi na mtoto wake mwenyewe, anaambiwa huendi popote mpaka ulete kiti. Nikamuuliza muuguzi anayewafundisha wazazi, akanijibu taratibu kama anaongea na mtoto: gari likisimama ghafla, aliye ndani hasimami. Anaendelea kwenda na mwendo ule ule. Na hakuna mikono ya mama wala ya baba inayoweza kumshika.

Tangu siku hiyo silali vizuri, kwa sababu nakumbuka Kibonge anavyopanda gari lako, amesimama katikati ya viti vya mbele anashika usukani.

Basi nimenunua kiti. Anakuja nacho mwenzangu wa hapa kazini anayekuja likizo. Karatasi za Kibonge zikikamilika, mwezi wa nane wifi atamleta, na kiti hicho hicho kinafungwa hata kwenye ndege. Nakuomba, kaka, kila safari, hata ya sokoni. Mimi niko mbali, sina la kufanya ila kukuomba.

Mdogo wako

30 Machi

Mdogo wangu,

Marahaba. Sisi huku wazima wa afya. Goti la Mama limetulia, mdomo wake ndio haujatulia. Jana kamfokea muuza maziwa mpaka kaondoka kasahau ndoo. Wifi yako anasema krimu umalize tu, yeye ameshazoea ahadi zako. Karakana ina kazi nyingi, nina mabasi mawili yako uani yanasubiri viti, na cherehani kubwa imeanza kukohoa.

Kiti kimefika salama. Nilipokifungua nikashika tama. Mikanda yote ile kwa mtoto mmoja? Miwili mabegani, miwili kiunoni, mmoja katikati ya miguu, yote inakutana kifuani kwenye kifungio kigumu utadhani cha sanduku la benki. Hata mwizi hafungwi hivyo. Mama alikitazama kwa muda, akauliza mtoto amekosa nini. Akasema wewe na mimi tumekulia mapajani mwake, tumesafiri na malori ya watu, na leo wewe unafua mashuka ughaibuni na mimi nina karakana, kwa hiyo tumuulize nani alikufa.

Mimi sikutaka kubishana, nilikitazama kwa jicho la kazi. Nikuambie ukweli, aliyekishona kiti hiki alikuwa na haraka ya kwenda kula. Kitambaa chepesi, sponji jembamba kama mkate wa jana, na chini yake wameweka dude jeupe, gumu halafu linapondeka, kama lile la kufungia televisheni. Sijui mdogo wangu umelipia nini. Lakini Kibonge amekipenda, hatoki humo. Nimemchukulia picha ujionee.

Usiwe na wasiwasi. Mtoto yuko kwangu.

Kaka yako

19 Aprili

Kaka,

Shikamoo. Natumaini hamjambo wote, na Mama mwambie asigombane na muuza maziwa, siku moja atatiliwa maji. Huku baridi imepungua, nimehamia chumba chenye dirisha, naona maegesho ya magari na mti mmoja.

Picha nimeipata. Nimeitazama mpaka macho yamenitoka. Kaka, kiti kiko sebuleni. Kiko juu ya mkeka, Kibonge kakaa ndani na bakuli la uji, anatazama televisheni. Nimewaonyesha wenzangu wakavunjika mbavu, na mimi nikacheka nao, halafu nikaenda chooni nikalia.

Nijibu swali moja tu. Anakipanda kwenye gari au hakipandi? Usinijibu kwamba yuko kwako. Najua yuko kwako, ndiyo maana nauliza.

Mdogo wako

6 Mei

Mdogo wangu mwenye hasira,

Marahaba. Kwanza, punguza moto. Kiti sasa kiko kwenye gari, siti ya nyuma, kimefungwa kwa mkanda wa gari kama karatasi yake inavyoonyesha, na Kibonge anapanda humo kila siku ninayotoka naye. Mama amenuna, lakini nimemwambia ni amri kutoka juu.

Sasa kaa chini nikupe habari nzuri. Mtoto alikuwa analalamika. Ile mikanda ilikuwa inamchuna shingoni, akifungwa analia njia nzima. Mimi mjomba wake, fundi viti niliyekalisha nusu ya mji huu, nimtazame tu? Nikakibomoa chote. Lile dude jeupe nikalitoa nikalitupa, nikaweka sponji nzito, ile ya viti vya mbele vya basi la safari ndefu. Nikakivika ngozi bandia ya rangi ya damu ya mzee, pindo nyeupe, mshono wa almasi mgongoni. Mikanda yao nikaikata nikashona mingine mipana, laini, nimeijaza pamba kidogo, na kuishona kwa uzi wangu ule ule ambao haujawahi kunifumukia tangu nianze kazi. Ungemwona Kibonge. Analala humo kama yuko kitandani.

Na kumbe wengine wanaona. Mwenye duka la dawa ana kiti kama hicho, alitumiwa na nduguye, ameniletea nikakitengeneza. Juzi mwalimu wa chekechea naye kaleta cha mwanawe. Watu wanapita karakana kutazama tu. Naanza kufikiria kuandika ubao mpya: VITI VYA WATOTO, RAHA MUSTAREHE.

Umeniletea biashara, mdogo wangu. Asante.

Kaka yako, Fundi

20 Mei

Kaka,

Shikamoo. Naituma hii kwa njia ya haraka, sina salamu ndefu, mtanisamehe.

Usimpandishe Kibonge kwenye kile kiti. Tafadhali. Hata hatua moja.

Nimeipeleka barua yako kwa yule muuguzi nikamtafsiria. Nilidhani atacheka. Hakucheka, alikaa kwenye kiti akaniambia nisome tena sehemu ya dude jeupe. Kaka, lile dude ndilo linalopondeka badala ya kichwa cha mtoto. Ndiyo kazi yake. Ulitupa kofia ya mtoto ukaweka mto. Na sponji ile nene gari likigonga inabonyea, mkanda unabaki umelegea, mtoto anachomoka. Na mikanda yao waliipima kwa mashine, wanajua inavuta kiasi gani kabla haijakatika, na imeshonwa kwa namna yake. Uzi wako ni mzuri, kaka, mimi najua ni mzuri. Lakini ni uzi wa kushikilia ngozi kwenye sponji. Haujawahi kuombwa kumshika mtu anayeruka.

Nimeishiwa nguvu. Vile vya watu wengine waambie wavirudishe pia, wasivitumie. Mimi nitanunua kiti kingine. Mpaka kifike, asisafiri.

Nijibu mara tu ukiipata hii.

Mdogo wako

30 Juni

Kaka,

Shikamoo. Sijapata jibu. Nakwenda kwenye sanduku la barua kila nikitoka zamu, mpaka mlinzi ananionea huruma.

Umekasirika? Kama nimekuudhi nisamehe, wewe ni kaka yangu, kazi yako ndiyo iliyonisomesha, sikukusudia kuidharau. Tukana ukitaka. Lakini andika. Andika hata neno moja kwamba Kibonge hajambo.

Mdogo wako

11 Julai

Mdogo wangu,

Marahaba. Kibonge hajambo. Nimeanza na hilo.

Mama naye hajambo, ila siku hizi haongei sana. Wifi yako ana mafua. Cherehani kubwa nimeifunika, naifanyia matengenezo.

Sikukasirika. Nilichelewa kwa sababu nilitaka kwanza kuhakikisha, nisikujibu kwa maneno matupu. Nilichukua gunia la mchele, uzito kama wake. Nikalifunga kwenye kile kiti, mikanda yote, nikakaza kama ninavyomkaza yeye. Nikaondoa gari. Sikukimbiza, mwendo wa kawaida wa mjini. Pale njia panda ya kinu cha kusaga, nikakanyaga breki mpaka mwisho.

Mshono ulifumuka. Sikuusikia hata mlio, uliachia tu, wa bega la kulia kwanza halafu wa kushoto. Gunia likapita katikati ya viti vya mbele likagonga gia kwa upande. Mdogo wangu, mimi mshono wangu nimeuona ukibeba wanaume wanene na mizigo yao miaka nenda rudi. Nilishuka nikalitoa nikalipakata, nikakaa pale kando ya barabara nimelipakata mpaka watu wakaja wakaninyanyua.

Basi ulisema kweli. Kiti nimekikata kwa kisu vipande vipande, nimekichoma uani. Mwenye duka la dawa amenirudishia chake. Mwalimu wa chekechea amekataa. Nilimweleza habari ya gunia, akanicheka, akasema mwanawe si gunia, ana mikono ya kujishika, na kwamba mwaka mzima hajawahi kuona mtoto anasafiri kwa raha namna ile. Nimemwendea tena, amenifungia mlango. Likizo ya mwezi wa tisa atasafiri naye kwa wazazi wake, ni mbali.

Tuma kiti kingine. Sitakigusa.

Kaka yako

29 Julai

Kaka yangu mpendwa,

Shikamoo, shikamoo tena. Barua yako niliisoma nimesimama pale pale kwenye sanduku. Nilipofika kwenye mshono kufumuka nilishika ukuta. Kisha nikashukuru Mungu kwamba ni mchele.

Nimejivunia wewe, kaka. Ni fundi gani mwingine anaweza kuikubali kazi yake ipimwe namna ile, halafu aikate kwa kisu chake? Nilimsimulia muuguzi, akaniomba nije kwenye darasa lake la wazazi niwaeleze. Mimi, mfua mashuka, nikasimama mbele ya watu na matumbo yao. Siku hizi kila darasa anawaambia habari ya fundi na gunia. Nilicheka kidogo tu ulivyosema umelipakata. Nilikuona kabisa, na hilo tumbo lako. Mchele ulimwagika wote?

Kiti kipya anakuja nacho mwenzangu mwingine wa hapa kazini. Mwambie wifi ayashike haya. Kwenye gari, mikanda ikae bapa, isijisokote, na kati ya mkanda na kifua cha mtoto visipite vidole zaidi ya viwili. Sweta nene avuliwe kwanza. Uwanja wa ndege awaonyeshe ile lebo ubavuni, inasema kinaruhusiwa ndani ya ndege. Kikae siti ya dirishani, asimzibe mtu njia. Mkanda wa ndege upite ndani ya kiti, na Kibonge afungwe na mikanda ya kiti. Mhudumu akisema ampakate, wifi akatae kwa adabu. Nimemlipia siti yake, ni haki yake kuikalia.

Na mwalimu usimchoke. Mrudie.

Mdogo wako

20 Agosti

Mdogo wangu,

Marahaba. Kiti kimefika, wifi yako ndiye anayekifunga, mimi nasoma maelekezo nikiwa mbali kama wakili. Wanaondoka kesho kutwa. Rafiki yangu dereva ndiye atawapeleka uwanjani. Mimi nitabaki na Mama.

Usishangae mtoto akilia anapofungwa, ni hali ya utoto tu. Wifi yako amemsuka nywele mpya, zimempendeza, usizifumue mapema.

Mwalimu bado ananiita Mzee Gunia.

Kaka yako

9 Septemba

Kaka,

Shikamoo. Naandika shikamoo kwa sababu Mama alinilea hivyo.

Wamefika. Kibonge ameongezeka urefu. Siku ya kwanza alinitazama kama mgeni, ya pili akanipanda mgongoni. Wifi yuko salama mwilini.

Nianze na safari, maana nayo imetuacha tumeduwaa. Walipokaribia kutua, ndege ikadondoka ghafla, kama gari lililoingia shimoni, ila shimo lisilo na mwisho. Siti ya mbele yao alikuwa baba mmoja amempakata mwanawe mchanga. Wifi anasema lilikuwa jitu la miraba minne, mikono kama nguzo, na alikuwa ameshamkumbatia mtoto tangu taa ya mikanda ilipowaka. Mtoto alimchomoka akagonga juu, pale wanapoweka mizigo, akaangukia njiani. Amevunjika mfupa wa bega, ila ni mzima. Baba yake hakulia. Alikaa anaitazama mikono yake, anaigeuza huku na huku, mpaka walipomteremsha. Kibonge alikuwa amefungwa dirishani. Aliruka juu na kiti na kurudi chini na kiti, akauliza kama wataruka tena.

Nilipiga magoti pale uwanjani mbele za watu.

Halafu Jumapili nikafumua nywele.

Kaka, niliona kovu. Linaanzia juu ya sikio linakwenda mpaka katikati ya utosi. Nilipiga kelele mpaka jirani akagonga ukuta. Wifi alikuwa anaosha vyombo, aliposikia alikaa sakafuni pale pale jikoni na sabuni mikononi. Hakusubiri nimuulize.

Nilipaswa kujua. Ni nani anapakata gunia la mchele kando ya barabara mpaka watu wanamnyanyua? Mimi nilisoma maneno hayo nikacheka, nikakusifu, nikaenda kuwasimulia watu.

Wifi amenieleza yote. Baiskeli ilivyokatiza pale kwenye kinu. Kibonge alivyolala hospitali siku mbili hamjui mtu. Mama alivyokaa sakafuni kando ya kitanda chake akakataa kula, na kwamba tangu hapo hajataja mapaja yake tena. Mlivyokubaliana nisiambiwe kwa kuwa niko peke yangu ughaibuni, nitapata wazimu. Hayo yote nilikuwa najaribu kuyameza. Nikamwambia wifi, basi tusimlaumu sana, barua yangu ilichelewa njiani, hakuwa anajua. Wifi akatikisa kichwa. Aliyoniambia baada ya hapo yaliniua kabisa.

Haikuchelewa. Ilifika jioni. Uliisoma mezani kwa sauti, ukaniigiza, wote mkacheka hata Mama, ukasema dada yetu siku hizi anafundishwa ushonaji na wauguzi. Asubuhi ukamfunga mtoto wangu kwa mikanda yako ukaondoka naye.

Sijui niseme nini. Nimekaa na kalamu hii tangu nitoke zamu. Sijakusamehe, na usinitumie mtu kuniomba. Nilimrudia muuguzi nikamwambia halikuwa gunia. Akanishika bega, akaniuliza kama nataka awaambie wazazi ukweli au aache habari hiyo kabisa. Nikamwambia awaambie.

Sasa nisikilize, kwa sababu hili ndilo nililoandikia. Yule mwalimu alikucheka kwa kuwa ulimpelekea gunia. Ni nani ataogopa kwa ajili ya mchele? Mwanawe bado amekalia sponji yako na uzi wako, na kila anapoondoka nyumbani anaondoka na ule uongo. Umeona haya kwangu, sawa, mimi ni dada yako, nitakuchukia na nitakuzoea. Lakini huyo mama hajui kitu. Nenda leo, usingoje kumaliza kusoma. Safari hii mpelekee mtoto.

Mdogo wako

2 Oktoba

Mdogo wangu,

Salamu zako nimezipokea. Mama anakusalimia, ameniambia niandike hivyo na nisiongeze neno lake lolote.

Barua yako ilifika asubuhi. Nilikwenda na ndara.

Nilimkuta nje, buti la gari liko wazi, mabegi yamepangwa, ndiyo siku ya kusafiri. Mtoto alikuwa ameshafungwa kwenye kiti, anapiga miguu, ngozi yangu nyekundu inang'aa. Ni kazi nzuri, mdogo wangu, hilo ndilo linanitisha mpaka sasa. Mwalimu aliponiona akamwambia mumewe, huyo Mzee Gunia amekuja na gunia lake.

Nilikuwa nimejipangia maneno njiani, yote yakapotea. Nikamwambia halikuwa gunia. Nikamwambia mwendo ulikuwa mdogo, kwamba nilikuwa naimba, kwamba mtoto alikuwa anaitikia. Nikamwonyesha kwa kidole kwenye kichwa changu, kutoka hapa mpaka hapa. Nikamwambia niliposhika kichwa chake kilikuwa laini mahali ambapo hakikupaswa kuwa laini. Sikuyajua mengine ya kusema, nikayarudia hayo hayo.

Mumewe aliweka begi chini. Mwalimu aliingia nusu ya mwili garini, nikaona vidole vyake vinahangaika na kile kifungio, vinateleza, mpaka mtoto akaanza kulia. Akamtoa, akambana kifuani, akarudi nyuma kutoka kwenye gari kama linataka kuwaka. Nikakitoa kiti mimi mwenyewe, nikakikata pale pale mbele yao. Safari waliiacha.

Nilipokuwa naondoka akaniita. Akauliza mtoto huyo alikuwa wa nani, alidhani ni wangu. Nikamwambia hapana, ni wa dada yangu, aliniachia nimtunzie.

Kaka yako